Pomboo wa Mto Potomac na Swali la Mto Uliopona

Mnyama wa mwituni anapoonekana tena katika mto uliowahi kuchafuliwa, watu wengi humchukulia kuwa hati ya kwamba mto huo umepona, na huenda hakuna mnyama anayetwishwa ushahidi huo zaidi kuliko pomboo, ambaye umbo lake, akili yake na mapenzi ya binadamu kwake humfanya shahidi anayeaminiwa kabla hajahojiwa. Mto Potomac, unaoteremka kutoka milima ya Appalachia mashariki mwa Marekani, ukapita ubavuni mwa jiji la Washington na kumwaga maji yake katika Ghuba ya Chesapeake, ni miongoni mwa mifano inayotajwa mara nyingi katika mjadala huu. Mwaka 1965 Rais Lyndon Johnson aliuita mto huo aibu ya taifa. Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Georgetown, wakiongozwa na Janet Mann, walianza kuwatambua pomboo mmoja mmoja katika sehemu zake za chini, na Agosti 2019 walishuhudia pomboo akizaa humo. Hadithi inayounganisha nukta hizo imenyooka mno: mto ulichafuka, ukasafishwa, pomboo wakarudi. Hata hivyo, neno "kurudi" limefunga pamoja madai matatu yanayohitaji ushahidi wa aina tatu, yaani kwamba pomboo waliwahi kuondoka, kwamba sasa wanaishi mtoni, na kwamba wanafanikiwa kuzaliana humo. Na dai la tatu, ambalo ndilo zito kuliko yote, ndilo ambalo bado halijapimwa vya kutosha.

Ni vyema kwanza kuweka wazi ni mnyama gani anayezungumziwa. Pomboo wa Potomac si pomboo wa mtoni kwa maana ya wale wa Amazon au Ganges, ambao maumbile yao yamezoea maji yasiyo na chumvi na ambao huzaliwa na kufa mtoni bila kuiona bahari. Huyu ni pomboo wa baharini wa jenasi ya Tursiops, mwenye mdomo mfupi mnene ulio kama shingo ya chupa, na jamii yake inayokaa karibu na pwani ya Atlantiki ya Marekani ilitenganishwa na wanasayansi mwaka 2022 ikawa spishi ya peke yake iitwayo Tursiops erebennus. Makundi yake husafiri kwa kufuata majira: wakati wa baridi wengi huwa kusini, kwenye maji ya Carolina Kaskazini, na maji ya Chesapeake yanapopata joto katika miezi ya Aprili na Mei huingia ghubani na katika mito inayomwaga humo, wakakaa hadi Septemba au Oktoba. Kwa hiyo kusema kwamba pomboo "wanaishi" Potomac ni kweli kwa nusu ya mwaka tu, na tofauti hiyo si ya kiistilahi peke yake, kwa kuwa chakula alacho pomboo, maradhi anayoyapata na sumu inayojikusanya mwilini mwake vina asili zaidi ya moja.

Mto wenyewe nao unahitaji maelezo. Una urefu wa takriban kilomita 650, lakini sehemu yake iliyo chini ya maporomoko madogo ya Little Falls, karibu na Washington, huathiriwa na kupwa na kujaa kwa bahari, na kadiri mtu anavyoshuka ndivyo mto unavyopanuka na maji yanavyogeuka kutoka maji baridi, yaani yasiyo na chumvi, kuwa ya chumvichumvi. Mahali mto unapokutana na ghuba, kati ya Maryland upande wa kaskazini na Virginia upande wa kusini, upana wake hukaribia kilomita 18, na anayesimama upande mmoja huona ng'ambo kama mstari mwembamba. Huko ndiko pomboo wanakoonekana kwa wingi na ndiko watafiti wanakofanyia kazi, zaidi ya kilomita 100 kutoka kwenye mabomba ya majitaka ya mji mkuu. Umbali huo husahauliwa kirahisi na wanaosimulia kisa hiki, ilhali ndio unaoamua ni kiasi gani cha sifa kinachoweza kupewa usafishaji wa mto.

Usafishaji wenyewe ulikuwa wa kweli na mafanikio yake yamepimwa. Katika miaka ya 1960 sehemu ya mto iliyo karibu na Washington ilikuwa ikifunikwa kila kiangazi na utando mzito wa kijani, ambao ni viumbe vidogo vya jamii ya mwani vilivyostawi kupita kiasi kwa kulishwa fosforasi na naitrojeni kutoka kwenye majitaka na mbolea za mashambani. Vinapokufa na kuoza, viumbe hivyo huitumia oksijeni iliyomo majini hadi samaki wakakosa pumzi. Mwaka 1972 Bunge la Marekani lilipitisha sheria ya maji safi, likaipigia kura mara ya pili ili kushinda kura ya turufu ya Rais Richard Nixon, na fedha za serikali kuu zikaanza kumiminika katika mitambo ya kusafisha majitaka. Mtambo wa Blue Plains, uliofunguliwa mwaka 1938 na ambao sasa huhudumia zaidi ya watu milioni mbili wa Washington na vitongoji vyake, ulipandishwa hatua kwa hatua hadi ukawa miongoni mwa mitambo mikubwa duniani inayosafisha kwa kiwango cha juu, kwanza kwa kuondoa fosforasi na baadaye naitrojeni. Sabuni za kufulia zenye fosfeti zilipigwa marufuku Maryland mwaka 1985, Washington mwaka 1986 na Virginia mwaka 1988.

Matokeo yake yalionekana kwanza kwenye mimea. Majani yaotayo chini ya maji, ambayo ni malisho ya bata na maficho ya samaki wachanga, yalikuwa yametoweka karibu kabisa katika Potomac ya juu inayopwa na kujaa, na yalianza kuota tena mwaka 1983. Hapa pana kinaya kinachostahili kutajwa, kwa kuwa mmea ulioongoza kurudi huko ulikuwa haidrila, mgeni kutoka ng'ambo ambaye wataalamu wengi walimhesabu kuwa gugu, na ambaye kwa kutuliza tope na kuyafanya maji yapitishe mwanga alisaidia kuwaandalia njia wenyeji wa zamani. Vipimo vya miaka iliyofuata vilionyesha kwamba kati ya 1990 na 2007 eneo lenye majani hayo liliongezeka karibu maradufu, na kwamba mimea ya asili iliendelea kuchukua nafasi kubwa zaidi kadiri naitrojeni ilivyopungua. Shirika moja la uhifadhi linaloutathmini mto huo kama mwalimu anavyomsahihisha mwanafunzi lilikuwa limeupa alama ya D mwaka 2011, likaupa B mwaka 2018.

Yote hayo yalitokea juu, na pomboo wako chini. Mnyororo unaounganisha ncha hizo mbili upo, lakini ni mrefu: virutubisho vikipungua majani huota, majani yakiota samaki wachanga hupata pa kujificha, samaki wakiongezeka mnyama anayewala hupata sababu ya kuja. Kiungo muhimu zaidi katika mnyororo huo ni menhadeni, samaki mdogo mwenye mafuta mengi wa ukoo mmoja na simu na sadini, anayekula viumbe vidogo kwa kuchuja maji na kuliwa na karibu kila mwindaji mkubwa wa ghuba hiyo. Idadi ya menhadeni haiamuliwi na mitambo ya majitaka peke yake, bali pia na nyavu, kwa kuwa Reedville, mji mdogo wa Virginia ulioko kusini kidogo mwa mdomo wa Potomac, ni makao ya uvuvi mkubwa wa samaki huyo kwa ajili ya unga na mafuta ya samaki. Mwaka 2017 tume inayosimamia uvuvi katika majimbo ya pwani ya Atlantiki ilishusha kiwango kinachoruhusiwa kuvuliwa kwa kazi hiyo ndani ya ghuba kutoka zaidi ya tani 87,000 hadi tani 51,000 kwa mwaka, na mwaka 2019 kiwango hicho kilivukwa. Basi pomboo akifika mtoni kwa sababu ya chakula, sehemu ya shukrani inawaendea wanaopanga viwango vya uvuvi, wala si wahandisi wa majitaka peke yao.

Maelezo mengine ya ujio wao hayahusiani na usafi hata kidogo. Joto la maji ya Chesapeake limekuwa likipanda, na mnyama anayesafiri kwa kufuata joto anaweza kufika mapema zaidi, kukaa muda mrefu zaidi na kupanda mtoni mbali zaidi hata kama maji hayakusafishwa hata tone. Kuna pia historia ya uwindaji: kuanzia karne ya 19 hadi mwishoni mwa miaka ya 1920, wavuvi wa Hatteras katika Carolina Kaskazini waliwavua pomboo wa pwani kwa nyavu, maelfu kwa maelfu, kwa ajili ya mafuta na ngozi, na jamii iliyopunguzwa kwa kiasi hicho ilihitaji muda mrefu kujijaza, hasa kwa kuwa jike huzaa ndama mmoja tu baada ya miaka kadhaa. Sheria ya kuwalinda mamalia wa baharini ya mwaka 1972 iliharamisha kuwaua na kuwasumbua, lakini mwaka 1987 na 1988 maradhi ya virusi vya mobili, vilivyo vya ukoo mmoja na vile vya surua, yaliwaua pomboo zaidi ya 700 waliokutwa ufukweni, na mwaka 1993 pomboo wa pwani hiyo wakatangazwa rasmi kuwa wamepungua kupita kiasi. Virusi hivyo vilirudi mwaka 2013, na hadi mwaka 2015 mizoga zaidi ya 1,600 ilikuwa imeokotwa kando ya Atlantiki. Inashangaza, na pengine inafundisha zaidi kuliko takwimu za majitaka, kwamba mwaka uleule mlipuko huo ulipokuwa ukimalizika ndio mwaka ambao habari za pomboo "kurudi" Potomac zilianza kukusanywa.

Hilo linaleta shaka kubwa zaidi kuhusu dai la kwanza. Katika karne ya 19 kulikuwa na taarifa za pomboo kuonekana hadi jirani na Alexandria, mkabala na Washington, kwa hiyo ni jambo lisilo na ubishi kwamba waliutumia mto huo kabla ya kuchafuliwa kwake vibaya. Lakini kati ya taarifa hizo na mwaka 2015 hakukuwa na mtu aliyewahesabu kwa utaratibu, na pasipo hesabu ya zamani haiwezekani kutofautisha mto ulioachwa na wanyama na mto ambao watu waliacha kuutazama. Wavuvi wa kaa na chaza wa sehemu za chini hawakushangazwa na habari hizo kama walivyoshangazwa watu wa mjini. Mwaka 2017 Chuo Kikuu cha Maryland kupitia kituo chake cha sayansi ya mazingira kilizindua programu ya simu inayowawezesha wananchi kuripoti pomboo wanaowaona, na taarifa zikamiminika kutoka kila pembe ya ghuba. Mmiminiko huo ulionyesha kwamba pomboo huitumia Chesapeake mara kwa mara na kwa mpangilio wa majira zaidi kuliko ilivyodhaniwa; haukuonyesha, na haukuweza kuonyesha, kwamba wameongezeka, kwa sababu kilichoongezeka kwa uhakika ni macho na simu.

Kuhusu dai la pili, la kuishi mtoni, ushahidi una nguvu zaidi. Pomboo hutambuliwa kwa pezi la mgongoni, ambalo ukingo wake wa nyuma huchongeka na kukatika kwa meno ya wenzake, kwa papa na kwa kamba za mitego, hadi kila pezi likawa na alama zake kama zilivyo alama za vidole kwa binadamu. Watafiti hulipiga picha kutoka botini na kulilinganisha na yale yaliyokwisha kuhifadhiwa. Kwa njia hiyo kundi la Georgetown limewatambua pomboo zaidi ya 1,000, na kwa kuwa kazi hiyo inafanyika nyumbani kwa siasa za Marekani, wamepewa majina ya marais, wake za marais, majaji na wabunge, hivyo kwamba mahasimu wa kale huenda wakaonekana wakiogelea pamoja bila kinyongo. Idadi hiyo isichanganywe na idadi ya wakazi, kwa kuwa ni jumla ya waliopita mbele ya kamera kwa miaka kadhaa. Kilicho na uzito ni marudio: baadhi ya mapezi huonekana kiangazi baada ya kiangazi katika eneo lilelile, jambo linaloashiria kwamba kwao mto ni kituo wanachokijua na kukikusudia, na si mahali walipofika kwa kupotea.

Maji ya chumvichumvi yenyewe yana mpaka wake. Ngozi ya pomboo wa baharini haivumilii kukaa muda mrefu katika maji baridi. Mvua kubwa zinaposhusha chumvi ghafla, ngozi huvimba na kutoka vidonda, ugonjwa ulioelezwa kisayansi baada ya vifo vilivyotokea katika maziwa ya Gippsland na Mto Swan huko Australia mwaka 2007 na 2009. Kwa hiyo mto wenye maji safi kabisa unaweza kumdhuru pomboo kwa ubaridi wa maji yake, kwa maana ile ya kukosa chumvi, na hicho ni kipengele kingine kinachomfanya awe kipimo kibovu cha usafi: yanayompendeza na yanayomfukuza si lazima yawe yale ambayo mhandisi wa maji anayapima.

Ulinganisho na mto mwingine unaonyesha udhaifu huo kwa namna kali zaidi. Katika Mto Yangtze wa China, baiji, pomboo wa kweli wa maji baridi ambaye hakuwa na bahari ya kukimbilia, alitafutwa kwa majuma sita mwaka 2006 asionekane hata mmoja, na tangu hapo huhesabiwa kuwa ametoweka kwa vitendo. Jirani yake, pomboo mdogo asiye na pezi la mgongoni, alihesabiwa 1,012 mwaka 2017. Januari 2021 China ikaanza kupiga marufuku uvuvi katika mto huo kwa miaka kumi, na hesabu ya mwaka 2022 ikapata wanyama 1,249. Ongezeko hilo ni la wanyama mia mbili na ushei tu, lakini ushahidi wake ni mzito kuliko maelfu ya picha za Potomac, kwa sababu mnyama huyo hana pengine pa kuishi na hawezi kuongezeka ila kwa kuzaliwa humohumo. Pomboo wa Chesapeake ana mlango wa kutokea na kuingilia, na mgeni mwenye mlango huweza kuja kwa sababu mambo yamekuwa mazuri anakokwenda, au kwa sababu yameharibika anakotoka.

Ndiyo maana tukio la Agosti 2019 lina thamani tofauti na kuonekana kwa kawaida. Kuzaa kwa pomboo wa mwituni ni jambo ambalo watafiti wengi hulikosa katika maisha yao yote ya kazi, kwa kuwa hutokea haraka na aghalabu chini ya maji. Ushahidi wa kila mwaka hupatikana kwa njia nyingine: ndama mchanga, mwenye urefu wa takriban mita moja, huwa na mistari myeupe iliyofifia ubavuni, alama za mikunjo ya tumboni alimokuwa amekunjwa, na mistari hiyo ikiwa bado wazi hujulikana kuwa amezaliwa karibuni na kwa hiyo hakusafiri kutoka mbali. Kuwapo kwa ndama wa namna hiyo mtoni kiangazi baada ya kiangazi kunaonyesha kwamba majike huleta mimba zao za miezi 12 katika maji hayo ya kina kifupi, yenye mawimbi madogo na samaki wengi, ambamo papa ni wachache kuliko bahari ya wazi, na kwamba mto unatumika kuwa mahali pa malezi.

Lakini kuzaliwa si kukua. Ndama hunyonya kwa zaidi ya mwaka mmoja na hukaa na mama yake kati ya miaka mitatu na sita, na katika kipindi hicho boti za starehe ni tishio lililo karibu zaidi kuliko uchafu wowote. Taratibu za Marekani huwataka wenye boti wakae umbali usiopungua mita 46 hivi, agizo ambalo kiangazi chenye jua huwa ni gumu kulisimamia. Pwani ya Afrika Mashariki inalijua tatizo hilo kwa undani: huko Kizimkazi, kusini mwa Unguja, boti za watalii zilianza kuwafuata pomboo mwaka 1992, zikawa sababu ya kukomeshwa kwa uwindaji wao mwaka 1996, lakini watafiti wakagundua baadaye kwamba pomboo walioandamwa na boti hupumzika kidogo na kusafiri zaidi, na mama anayenyonyesha ndiye anayelipa gharama hiyo kwanza.

Tishio la pili halionekani kwa macho. Kemikali za viwandani zilizotumiwa zamani katika transfoma za umeme, zijulikanazo kwa kifupi kama PCB, zilipigwa marufuku Marekani mwaka 1979, lakini zimo bado kwenye tope la Potomac, na mamlaka za majimbo huendelea kuwaonya watu wapunguze kula baadhi ya samaki wake. Tangu mwaka 2003 watafiti wamekuwa wakipata, katika matawi ya juu ya mto huohuo, samaki madume wenye chembe za mayai ndani ya korodani, dalili ya kwamba kuna kitu majini kinachovuruga homoni. PCB huyeyuka katika mafuta na si katika maji, kwa hiyo hupanda kutoka kwa samaki mdogo hadi kwa mwindaji wake na kujikusanya katika tabaka la mafuta lililo chini ya ngozi ya pomboo. Dume huendelea kuzikusanya hadi kufa. Jike hupata nafuu kwa njia isiyo na huruma, kwa kuwa maziwa yake ni mafuta na sumu hutoka pamoja nayo: uchunguzi wa Sarasota huko Florida, unaolifuata kundi lilelile la pomboo tangu mwaka 1970, umeonyesha kwamba ndama wa kwanza ndiye anayepokea mzigo mkubwa uliojikusanya tangu utoto wa mama, na kwamba wazaliwa wa kwanza hufa kwa wingi kuliko wadogo zao.

Hapo ndipo dai la tatu linapongoja kupimwa, na kipimo chenyewe kinahitaji uvumilivu ambao taarifa za habari hazina. Pomboo jike aghalabu huzaa kwa mara ya kwanza akiwa na umri wa kati ya miaka 8 na 10. Ndama aliyezaliwa Potomac mwaka 2019, ikiwa ni jike na ikiwa amenusurika na virusi, papa na injini, atafikia umri huo kati ya mwaka 2027 na 2029, akiwa na pezi ambalo kwa wakati huo litakuwa limechongeka vya kutosha kutambuliwa pichani, na mwilini akiwa na kila alichokula katika kiangazi cha mtoni na kipupwe cha Carolina, tayari kukihamishia kwa mzaliwa wake wa kwanza.